Mwanafunzi wa Miaka 17 Mwenye Ndevu za Miaka 25: Majibu kwa Wasomaji

Kati ya barua zilizotufikia tangu toleo lililopita, nne zilizungumzia jambo moja bila waandishi wake kujuana: mapenzi ya vijana wa shule yanayoonyeshwa kwenye filamu na tamthilia. Nimeamua kuzijibu zote mahali pamoja. Msomaji ataniwia radhi nikirefusha jibu la kwanza, kwa kuwa hilo ndilo lenye mengi ya kufunua.

Swali: Mwalimu, salamu nyingi. Binti yangu ana miaka 15 na yuko kidato cha pili. Likizo hii alimaliza misimu yote mitatu ya tamthilia ya Marekani iitwayo *The Summer I Turned Pretty*, inayomhusu msichana anayependwa na ndugu wawili, kisha akahamia kwenye filamu za *Twilight*. Sasa anasimama mbele ya kioo na kusema kwamba yeye hapendezi na kwamba amechelewa, eti wenzake wa umri huo tayari wana wapenzi. Baba yake anataka tumnyang'anye simu. Mimi naona akinyang'anywa atakwenda kutazama kwa shoga zake. Tufanyeje? (Mama wa watatu, Morogoro)

Jibu: Dada yangu, kabla simu haijanyang'anywa, mwulize binti yako swali ambalo pengine hajawahi kujiuliza: huyo Conrad, mmoja wa wale ndugu wawili, anayemliza kila sehemu ya tamthilia, ana miaka mingapi hasa? Mwigizaji wake, Christopher Briney, alizaliwa Machi 1998, kwa hiyo tamthilia ilipoanza kuonyeshwa Juni 2022 alikuwa mtu mzima wa miaka 24. Lola Tung, anayeigiza msichana anayetimiza miaka 16, alikuwa na miaka 19. Wala hawa si wa kulaumiwa sana ukiwalinganisha na waliowatangulia. Filamu ya *Grease* ilipotoka mwaka 1978, "wanafunzi" wake wa sekondari walikuwa John Travolta wa miaka 24, Olivia Newton-John wa miaka 29 na Stockard Channing wa miaka 34. Tamthilia ya *Beverly Hills, 90210* ilipoanza Oktoba 1990, Gabrielle Carteris alivaa mkoba wa shule akiwa na miaka 29, umri ambao huku kwetu wengine huwa tayari wanampeleka mtoto wao wa kwanza darasa la kwanza.

Sababu ya desturi hii ni ya kiofisi kuliko ya kisanaa. Katika jimbo la California, ambako sehemu kubwa ya biashara hii ilikulia, sheria inapunguza saa ambazo mtoto aliye chini ya miaka 18 anaruhusiwa kufanya kazi, na inamtaka mtayarishaji aweke mwalimu mahali pa kupigia picha ili masomo yasikatike. Mtu mzima hana masharti hayo. Anaweza kufanya kazi tangu alfajiri hadi usiku, na anaweza kuigiza busu au tukio la faragha bila mwanasheria kuitwa. Mtayarishaji anayehesabu siku na gharama atamchukua mwenye miaka 24, atamnyoa ndevu, atamvisha sare.

Kwa hiyo binti yako anaposimama mbele ya kioo, hajilinganishi na msichana wa rika lake. Anaulinganisha mwili ambao bado unakua na mwili wa mtu aliyekwisha kukua, aliyepakwa vipodozi kabla ya jua kuchomoza, akavalishwa nguo zilizobanwa kwa pini mgongoni zimkae sawasawa, na kuwekewa taa na fundi anayelipwa kwa kazi hiyo tu. Akilijua hilo hataacha kuhangaika mara moja, maana umri wa miaka 15 ni umri wa kuhangaika, lakini atakuwa amejua kwamba mashindano aliyojiingiza hayakuwa ya haki tangu mwanzo.

Suala la kuchelewa ni gumu zaidi, kwa sababu linatokana na kile kisichoonyeshwa. Katika filamu nyingi za namna hii hakuna mtihani wa taifa, hakuna maji ya kuteka, hakuna mdogo wa kubebwa, na wazazi aidha wamesafiri au wamekufa. Mtunzi wa muswada huwaondoa wazazi makusudi: mama akiwa sebuleni, hadithi inakwisha dakika ya kumi. Ndiyo maana ninaiheshimu kidogo tamthilia aliyoitazama binti yako, kwa kuwa imewabakiza mama wawili ambao urafiki wao, na ugonjwa wa saratani wa mmoja wao, una uzito kuliko busu lolote la kando ya bahari. Muulize alionaje mama hao. Kama atajibu kwa kirefu, ujue tayari anatazama kwa akili kuliko mlivyodhani.

Mahali ambapo mimi ningeketi naye ubavuni ni kwenye *Twilight*. Filamu hiyo ya mwaka 2008, iliyotokana na riwaya ya Stephenie Meyer ya 2005, iliingiza karibu dola milioni 400 duniani. Edward ni mnyonya damu, jamaa wa mbali wa mumiani tuliotishiwa utotoni, aliyezaliwa mwaka 1901 na kubaki na sura ya miaka 17 tangu 1918. Nakiri kwamba niliitazama na wapwa zangu na nikasahau chai jikoni. Lakini ondoa ule ukungu na misitu yote, ubaki na tendo lenyewe: mwanamume anaingia usiku katika chumba cha msichana, bila yeye kujua, na kumtazama akiwa amelala. Katika filamu ya pili, iliyotoka mwaka 2009, anamwacha, na msichana anaketi kwenye kiti mbele ya dirisha miezi ikipita bila kujishughulisha na lolote, kisha anaanza kujitia hatarini kwa kuwa kila akihatarika anaiona sura ya yule aliyemwacha. Muulize binti yako: Bella, msichana huyo, alikuwa na marafiki gani mwanzoni, na mwishoni wako wapi? Swali hilo halimkatazi kuipenda filamu. Linampa kitu cha kushika siku kijana wa kweli, asiye na ukungu wala misitu, atakapomwambia kwamba akimpenda kwelikweli hana haja ya marafiki.

Mkitaka ya kutazama pamoja, chagueni *To All the Boys I've Loved Before* ya mwaka 2018, ambayo chimbuko lake ni riwaya ya Jenny Han, mwandishi yuleyule wa ile tamthilia ya ndugu wawili. Humo msichana na mvulana wanakubaliana kujifanya wapenzi, na wanaandika mkataba kwenye karatasi. Sharti la msichana ni kwamba asibusiwe, na mvulana, ingawa anashangaa, analikubali. Sijaona filamu nyingi za vijana ambamo kukubali na kukataa vimewekwa wazi namna hiyo, tena kwa wino. Baadaye mtu anawapiga picha za video kwa siri wakiwa pamoja na kuzisambaza shuleni, na aibu yote inamwangukia msichana huku mvulana akipita korido bila doa. Simamisheni filamu hapo. Mwache yeye ndiye aanze kusema.

Mwambie shemeji, kwa heshima zote, kwamba hofu yake ina msingi ila dawa aliyoichagua itamfundisha binti kujificha. Simu ilale sebuleni usiku, hilo naliunga mkono; na yeye mwenyewe atazame walau sehemu moja na binti yake, hata kama atasinzia. Tena si lazima kila kitu kitoke Marekani. Mwaka 2009 ilitengenezwa Nairobi tamthilia ya *Shuga*, ambamo Lupita Nyong'o aliigiza kabla hajajulikana duniani, na mapenzi ya vijana yalionyeshwa humo pamoja na vitu ambavyo ndugu zetu wa Marekani huvisahau: kipimo cha virusi vya UKIMWI, mwanamume mwenye fedha aliye na umri wa kumzaa msichana, na rafiki anayejua lakini hasemi. Watafiti walipoijaribu baadaye nchini Nigeria, waliotazama walikuwa na uwezekano wa karibu mara mbili wa kwenda kupima kuliko wasiotazama. Tamthilia hiyo ni ya vijana wakubwa kidogo, kwa hiyo itazameni nyinyi kwanza ndipo mwamue.

Swali: Shikamoo Mwalimu. Niko kidato cha tatu, Mwanza. Kuna msichana wa mkondo wa pili nampenda kwa dhati. Nilimwandikia barua akasema hapana. Nikawa namsubiri getini kila jioni kwa wiki mbili. Siku ya michezo nikapanda jukwaani nikamwimbia wimbo kwa jina lake, shule nzima ikapiga makofi, lakini yeye alilia na kwenda kwa mwalimu wa malezi. Sasa nimeitiwa mzazi. Kwenye filamu stelingi akikataliwa hakati tamaa, na mwisho anapendwa. Mimi nimekosea wapi? (Mwenye huzuni, Mwanza)

Jibu: Marahaba, mwanangu. Barua yako nimeisoma mara mbili, na ninakushukuru kwa kuuliza, kwa sababu watu wazima wengi walifanya kama wewe na hawakuuliza hadi leo.

Wimbo wako wa jukwaani ninaufahamu asili yake, hata kama wewe uliuona kwenye filamu nyingine iliyoiga. Katika *10 Things I Hate About You* ya mwaka 1999, Heath Ledger anashika kipaza sauti cha uwanja wa shule na kumwimbia msichana aliyemkasirikia, bendi inapiga, walinzi wanamkimbiza, na msichana anatabasamu. Unachotakiwa kukumbuka ni kwamba tabasamu lile liliandikwa kwenye muswada miezi mingi kabla kamera haijawashwa. Mtunzi alishamjibia msichana. Zaidi ya hapo, wewe mtazamaji ulioneshwa msichana akiwa peke yake, ukasikia muziki ukilainika alipotajwa kijana, ukajua kabla ya kijana kujua kwamba moyo wake umeinama. Katika maisha hakuna muziki unaokuambia hivyo. Huyu wa mkondo wa pili alikuwa na njia moja tu ya kukujulisha yaliyo moyoni mwake, nayo ni maneno, na maneno aliyatumia: alisema hapana. (Na usisahau kwamba katika filamu hiyohiyo kijana alikuwa amelipwa fedha na mwanafunzi mwingine ili atoke na msichana, na msichana alipogundua aliumia sana. Filamu ilimsamehe kwa gitaa jipya. Mimi nisingemsamehe kwa bei hiyo.)

Mfano mwingine ni mbaya zaidi, na watu huutazama wakilia kwa furaha. Katika *The Notebook* ya mwaka 2004, hadithi ikiwa katika mwaka 1940, kijana anamwona msichana wa miaka 17 kwenye viwanja vya starehe, anapanda gurudumu kubwa la bembea ambalo msichana ameketi na mwanamume mwingine, ananing'inia juu angani kwa mkono, na kusema ataachia asipokubali kutoka naye. Msichana anakubali. Angefanya nini? Jiulize, mwanangu, ndiyo ya namna ile imetoka kwenye mapenzi au kwenye hofu ya kumwona mtu akifa mbele yake na umati ukimtazama yeye. Kisha rudi kwenye jukwaa lako la siku ya michezo. Hukuning'inia popote, hilo ni kweli, lakini uliweka umati wa shule upande wako na yeye ukamwacha peke yake upande wa pili, na kila kofi lililopigwa lilikuwa likimwambia kwamba akikataa tena yeye ndiye mwenye roho mbaya.

Wazee wetu, ambao mnapenda kusema hawakujua mapenzi, walikuwa na mshenga. Kazi yake haikuwa kubeba posa tu. Alikuwa pia mahali pa kuwekea jibu la hapana: familia ya binti ilimjibu mshenga, mshenga akarudi na maneno yaliyopozwa, na kijana hakuaibika wala binti hakusimama uso kwa uso na mtu anayemng'ang'ania. Sikwambii utafute mshenga ukiwa kidato cha tatu. Ninakwambia kwamba hapana ilijengewa njia yake ya kupita kwa heshima, na wewe uliiziba kwa kusimama getini.

Nenda na mzazi wako ulikoitwa, na usimtaje stelingi yeyote. Omba radhi kwa sentensi chache kupitia kwa mwalimu wa malezi, mara moja, bila kuomba jibu na bila kueleza unavyompenda. Jioni pita njia nyingine kwenda nyumbani, hata kama ni ndefu.

Swali: Mwalimu mwenzangu, ninafundisha fasihi katika shule ya upili huko Nakuru. Ninataka klabu yetu itazame filamu ya *Romeo na Juliet*, lakini mwalimu mkuu anahofia kwamba ni kuwafundisha watoto mapenzi na kujiua. Je, nitumie toleo lipi, na nimjibu vipi? (Mwalimu wa fasihi, Nakuru)

Jibu: Mwambie mwalimu mkuu ahesabu siku. Shakespeare aliichukua hadithi hii kwenye utenzi wa Kiingereza wa Arthur Brooke, uliochapishwa mwaka 1562, ambamo Juliet ana miaka 16 na mambo yanachukua miezi. Yeye alimpunguza Juliet akawa hajatimiza 14, na akabana kila kitu ndani ya siku zisizofika tano: wanaonana Jumapili usiku, wanaoana Jumatatu, na alfajiri ya Alhamisi wote wawili ni maiti, nyuma ya maiti nyingine nne. Mwandishi anayetaka kusifu mapenzi tu hana sababu ya kuharakisha hivyo. Wanafunzi wako wachore jedwali la siku hizo ubaoni kabla ya kutazama. Mjadala utajianzisha wenyewe, na nadhani wengi watawalaumu watu wazima wa hadithi hiyo, hasa kasisi anayewaoza kwa siri, kuliko vijana.

Kuhusu toleo, lile la Franco Zeffirelli la mwaka 1968 linasifiwa kwa kuwa lilitumia vijana halisi, lakini sifa hiyo ina gharama yake. Olivia Hussey na Leonard Whiting walipigwa picha wakiwa watupu katika tukio la chumbani ilhali wote walikuwa chini ya miaka 18, na miongo mitano baadaye walifungua kesi California, ambayo ilitupwa na mahakama mwaka 2023. Kwa shule, chagua la Baz Luhrmann la 1996, lenye bastola badala ya mapanga. Lina kelele nyingi, ila wanafunzi hawatasinzia. Matukio ya kujiua yazungumzwe siku hiyohiyo, mwalimu mnasihi akiwapo, wala yasiachwe hadi kipindi cha wiki inayofuata.

Swali: Assalaam alaykum. Vijana wa leo wanalaumiwa bure. Mimi nilikwenda mara nne sinema ya Majestic hapa Unguja kuitazama *Bobby*, nasi tulikuwa vijana, tukaimba nyimbo zake bila kujua Kihindi, na hakuna aliyeharibika. Nina swali moja tu: yule binti aliyekuwa Bobby, aliishia wapi? (Babu wa wajukuu tisa, Unguja)

Jibu: Waalaykum salaam, mzee wangu. Shikamoo. Umenikumbusha mwisho wa filamu ile, wapenzi wanapojitupa majini kwenye maporomoko na baba zao wawili wanaogombana wanajitosa kuwaokoa, kila mmoja akamtoa mtoto wa mwenziwe. Raj Kapoor, mwongozaji wa filamu hiyo, alijua kwamba watazamaji wake wangetaka kurudi mara ya pili, na ya nne, kwa hiyo hakuwaua.

Lakini katika barua zote za leo, filamu yako ndiyo pekee ambayo msichana wa miaka 16 aliigizwa na msichana wa umri huohuo. Rishi Kapoor alikuwa na miaka 21 filamu ilipotoka Septemba 1973. Dimple Kapadia, aliyezaliwa Juni 1957, alikuwa na 16 tu. Wakati nyinyi mnaimba nyimbo zake, yeye alikuwa tayari mke wa mtu. Alikuwa ameolewa Machi mwaka huohuo, kabla hajatimiza miaka 16 na kabla filamu haijaonyeshwa popote, na Rajesh Khanna, nyota mkubwa kuliko wote wa sinema ya Kihindi wakati ule, aliyekuwa na miaka 30. Akaacha kuigiza. Waliachana mwaka 1982 bila talaka, na watazamaji walimwona tena kwenye filamu ya *Saagar* ya mwaka 1985, akipendwa na Rishi Kapoor yuleyule. Safari hii alikuwa na miaka 28 na mabinti wawili.